Mwandiko Niliokufundisha

Heru Juu, 15 Aprili 2014

Mdogo wangu Nduwayezu, huko Kibondo,

Huku maharage yameanza kutoa maua, na mama kikohozi kimempungua.

Tangu nimzike mume wangu, shemeji Tharsisi ananijia na panga, anataka shamba. Jana nilikwenda mahakamani Kasulu kuomba polisi wanilinde. Shemeji akatoa barua: ndugu wa mjane ameridhia mjane arithiwe na shemeji, yeye na shamba lake. Nikasema imeghushiwa. Hakimu akanipa niisome.

Nduwayezu, ni mwandiko wako! Mimi ndiye niliyekufundisha kuandika, mavumbini, kwa kijiti.

Ulinzi nimepewa. Karani aliniuliza kama kuna mwingine ninayemwogopa. Nikakutaja. Ukija kumwona mama, pitia kituo cha polisi kwanza.

Dada yako bado,
Niyubahwe