Kikohozi Changu Mwenyewe

Riga, Novemba 1968

Dada yangu Velta,

Skafu imefika salama. Ahsante sana! Huko Kanada ulijuaje kwamba kifua kinanisumbua?

Filamu yangu imetoka. Nimekuwa bibi wa Kijerumani tena. Ndizo kazi wanazotupa sisi Walatvia. Na kwa kuwa Kirusi changu kina lafudhi, mwigizaji wa Moscow ameniwekea sauti yake, kama kawaida. Silalamiki. Kazi ninayo, chumba kina joto, na sokoni watu hunipa maua.

Nilimpeleka Mama sinema. Siku hizi haoni kabisa, Velta. Akaisikiliza ile sauti, akaguna: "Huyu si mwanangu. Turudi nyumbani." Mara nikakohoa kwenye filamu. Kile kikohozi walikiacha, changu mwenyewe. Mama akaruka kitini, ukumbi mzima ukamsikia: "Huyo ndiye Dzidra wangu! Funga shingo, we mtoto!" Watu walicheka. Mimi nililia, nikamshukuru Mungu.

Ruhusa ya kuja kukuona wakubwa wa serikali wameninyima tena. Mama anasema siku ukifanikiwa kupiga simu, usihangaike kutafuta maneno, maana tutakuwa tunasikilizwa.

"Mwambie akohoe tu," anasema. "Nitamjua."

Mdogo wako,
Dzidra