Mchumba Wangu Alimdanganya Wakala wa Bima ya Harusi

Mpendwa mshauri, naomba unisaidie kabla sijapasuka, maana nakuandikia ndani ya treni kutoka Weston, huku ughaibuni, kwenda kazini, nimeandika nikafuta, nikaandika tena, na bado sijui nianzie wapi. Mimi ni muuguzi, naolewa mwezi wa tisa na mwanamume nitakayemwita Gitonga, mtu mpole, msimamizi wa bohari huko Brampton, na ukumbi tumeupata hukohuko, ila mwenye ukumbi alisema hatatupa funguo bila bima ya dhima, yaani mgeni akiteleza akavunjika mguu au vitu vya ukumbi vikiharibiwa, bima ilipe, nami nikasema basi tuchukue na ile ya harusi kuahirishwa au kuvunjika, kwa sababu baba yangu yuko Kisii, figo zake zimekufa, anaishi kwa mashine ya kusafisha damu, hawezi kupanda ndege, na kwetu msiba ukitokea hakuna harusi hata kama wali uko jikoni.

Kwenye kamati ya harusi shangazi yake Gitonga akaruka. "Bima ya harusi kuvunjika? Huko ni kumwalika shetani na kumpa kiti cha mbele!" Watu wakaitikia amina, lakini Gitonga akanitetea, tukaenda kwa wakala, dada anayeitwa Fareen, ana ofisi Markham na wazazi wake walizaliwa Tanga, kwa hiyo tuliongea Kiswahili vizuri tu, akatueleza hili na lile, halafu akauliza, "Kuna mzazi au ndugu wa karibu anayeumwa kwa sasa?"

Nikafungua mdomo. Gitonga akanitangulia. "Hapana, wote wazima, tunamshukuru Mungu."

Mshauri, alisema akitabasamu, kwa sauti ileile anayoniambia nayo kwamba ananipenda, na mimi nikatia sahihi.

Ndani ya gari nikamuuliza, "Baba yangu ni mzima tangu lini?" Akasema, "Mpenzi, kila mtu hufanya hivyo. Tungesema ukweli wangetunyima. Nimefanya kwa ajili yako." Tangu hapo situlii, kila analoniambia nalipima, siku moja alisema yuko kazini nikapiga simu bohari kuhakikisha, kumbe yuko kweli, nikaona aibu, na baba akipiga simu nashindwa kuongea naye sawasawa, naona kama nimemkana. Jana nikampigia Fareen nikamuuliza eti bima inalipa bibi harusi akibadili nia? Akacheka. "Hapana dada, hiyo hailipwi popote." Alidhani natania. Sikuwa natania. Niiache bima ilivyo, nitafute nyingine, au nimwache mtu?

Asiyetulia, Weston

*

Binti yangu, pole kwa baba. Sasa kaa vizuri tusemezane.

Bima mliyonayo ya kuahirisha harusi haiwafai kitu. Msiba ukitokea, kampuni itauliza mzee aliugua nini, tena tangu lini, na hospitali itajibu. Mtanyimwa fidia mkiwa bado matangani. Na sahihi ni ya nani? Yako. Gitonga alisema uongo, kweli, lakini kalamu ilikuwa mkononi mwako, na wewe ni muuguzi, kila siku unawaambia wagonjwa wasikufiche kitu. Usijitoe humo.

Mpigie Fareen leo, umweleze habari za baba. Huenda akakwambia ugonjwa uliojulikana kabla ya kukata bima haulipiwi. Basi, ujue hivyo sasa, si siku ya kilio. Kisha uulize kilichobaki: ukumbi ukifungwa ghafla, au mmoja wenu akilazwa, watalipa? Anza kusoma yale wasiyolipa, ndiyo yatakayokuliza. Ya dhima baki nayo bila mjadala, na uulize kama inalipia na madhara ya pombe. Usiniambie harusi yenu haina pombe. Wajomba nawajua. Shangazi naye mwambie kwamba wewe hufunga mkanda kila ukipanda gari, na hujawahi kuita ajali.

Tukija kwa Gitonga. Usimwombe ruhusa ya kupiga simu. Mwambie unapiga, akae hapo asikie. Mimi naona kijana aliogopa, akadhani kukupenda ni kukukinga na kila jibu baya. Woga huo unatibika. Akisema, "Nipe simu, nimweleze mwenyewe," olewa naye, na siku hiyohiyo ukubali nawe kwamba ulinyamaza. Akifoka, akalalamika kwamba unamwaibisha mbele ya wakala, ahirisha harusi na uimeze hasara, kwa maana kesho ataulizwa swali kuhusu watoto wenu na atajibu kwa tabasamu lilelile. Lakini mambo ya kumpeleleza kazini kwake uyaache. Ukiwa na swali, mkabili umuulize.

Na kuna jambo ambalo barua yako yote inalizunguka bila kulitaja. Unaogopa baba atakwenda kabla hajakuona ukiolewa. Hilo Fareen hawezi kukuuzia, na unajua. Kwa hiyo usikae huko ukihesabu wageni wa mwezi wa tisa huku mzee yuko Kisii na mashine yake. Omba likizo wiki hii. Gitonga akiwa amemwambia Fareen kweli, nendeni wote wawili, mkapige magoti mbele ya baba awabariki angali anaweza kuinua mkono. Akiwa amekataa, nenda peke yako, ukae na baba yako.