Rukia Aliposema Mwezi Nane

Mansfield, Texas
Mwishoni mwa mwezi wa sita

Dada Mwanaidi,

Shikamoo. Mwamkie Mama kwa niaba yangu kabla hujaendelea kusoma, maana nakujua, ukishaanza hutanyanyuka. Shuleni tulifundishwa kuandika kwamba mimi huku ni mzima, wasiwasi ni kwako uliye mbali. Safari hii yageuze maneno hayo. Nyinyi huko Tanga naamini hamjambo, miguu ya Mama inaendelea na mafuta yake ya karafuu, presha yako imetulia, na wasiwasi wote umehamia huku kwangu. Haukai. Nikienda jikoni unanifuata, nikirudi sebuleni tunarudi wote.

Barua hii anakukabidhi Rukia, binti yangu, na nakuomba umwache ale kwanza ndipo umhoji. Nimeamua kuandika badala ya kukutumia sauti kwenye simu kwa sababu ningefika katikati ya maelezo wewe ungekuwa umeshanigombeza. Karatasi haikatizwi. Umeniuliza, tena kwa ukali, na ukali huo ni haki yako kama dada mkubwa, kwa nini nilisema nakuja mwezi wa saba kumwona Mama, halafu nikanyamaza, halafu nikasema sijui. Sasa nakujibu.

Ni kifua, Dada. Tangu mwezi wa tano kinanibana nikipanda ngazi au nikibeba mfuko wa mchele kutoka kwenye gari. Daktari wa moyo anataka kupitisha mrija mwembamba kwenye mishipa aone palipoziba, na amesema nisipande ndege mpaka amalize kazi yake. Nilijua ukisikia utalia, ndiyo maana sikusema. Mama usimwambie. Ugonjwa wenyewe unatibika, na hospitali huku ziko kila upande. Kilichonikosesha utulivu ni bima ya kuulipia huo mrija, kwa sababu bila bima hakuna mrija, na bila mrija simwoni Mama.

Huku serikali ina bima ya wazee inaitwa Medicare, ya kuanzia miaka sitini na mitano. Najua huko nyumbani mnafikiri ukizeeka Marekani unaletewa tu mlangoni. Huletewi. Wengi wetu lazima tujiandikishe wenyewe, na kujiandikisha kuna muda wake. Wewe unayefuatilia mpira kuliko wanaume wote wa mtaa wenu utanielewa haraka: ni dirisha la usajili. Likifungwa, mchezaji hata awe mzuri vipi anakaa jukwaani na mashabiki. Dirisha la kwanza ni miezi saba inayouzunguka mwezi wako wa kuzaliwa, mitatu kabla, huo wenyewe, na mitatu baada yake.

Langu lilipofunguka nilikuwa bado naendesha foklifti, ile mashine ya kunyanyulia mizigo, kwenye ghala kule Grand Prairie. Kampuni ilikuwa kubwa na bima yake nzuri. Nikachukua ile sehemu ya Medicare ya kulazwa hospitalini, ambayo kwa mtu aliyefanya kazi miaka mingi kama mimi haina malipo ya kila mwezi. Sehemu ya pili, ya madaktari na vipimo, hiyo inalipiwa kila mwezi, nikaiacha. Hapo sikukosea. Sheria inaruhusu kuiacha maadamu bado uko kazini na bima unaipata kwa sababu ya kazi hiyo.

Mwishoni mwa mwezi wa kumi uliopita ghala likahamishiwa jimbo jingine. Sisi wazee tukaagwa kwa keki. Ukiacha kazi hivyo linafunguka dirisha la pili, na hapo ndipo Rukia anapoingia.

Unajua yeye anakaa Missouri City, karibu na Houston, mwendo wa nusu siku kwa gari kutoka kwangu ukipumzika njiani. Anafanya kazi ya maktaba katika shule. Alipokuwa mdogo ulikuwa ukimsemesha kwa Kiswahili kwenye simu, anakujibu kwa Kiingereza, ukaniambia nalea Mzungu. Halikuwa jambo la kiburi. Kwenye shughuli zetu kila akisema "kitabu yangu" au "mtu kubwa" watu wazima walikuwa wakiangua kicheko, naye akaona bora Kiingereza chake. Mama yake alipotutoka akabadilika. Akawa ananipigia na kusema Kiswahili, polepole, kama mtu anayepita kwenye sakafu iliyotoka kupigwa deki. Mimi nilifurahi mno kiasi kwamba sikutaka kumkatiza kwa kumrekebisha.

Wiki ile niliyoacha kazi akapiga. Alikuwa ameshasoma kila kitu.

"Baba, sikiliza. Usisahau Medicare. Una mwezi nane."

"Mwezi wa nane," nikasema.

"Yes, Baba. Mwezi nane. Usipitishe, please."

"Sitapitisha, mwanangu."

Nikaenda kwenye kalenda ya msikiti iliyo ukutani jikoni. Ya mwaka mpya ilikuwa imeshatoka, nikaifunua mpaka Agosti, nikaweka duara.

Dada, mtoto alitaka kusema miezi minane. Miezi minane tangu kazi ilipoisha. Mimi nikasikia Agosti, na mtu yeyote wa Tanga angesikia hivyo hivyo. Sasa hesabu mwenyewe miezi minane kuanzia Novemba uone inaishia wapi. Inaishia mwezi huu wa sita, huu huu ninaoandikia.

Kilichonilaza usingizi ni Kobra. Ukiacha kazi huku unaruhusiwa kuiendeleza bima ya kazini kwa muda, ila unalipa mwenyewe. Jina lake kwa kifupi ni hilo la nyoka, nami sikulitilia maanani. Nilikuwa na kadi mfukoni, nikienda kwa daktari inapokelewa, nikajiona nimekaa pazuri. Kumbe Kobra haihesabiwi kama bima ya mtu aliye kazini. Haisogezi dirisha hata siku moja. Miezi yangu ilikuwa ikienda nami nakunywa chai.

Daktari alipoagiza ule mrija, Kobra wakakataa kulipia. Walisema kwa umri wangu Medicare ndiyo ilipaswa kulipa kwanza, wao wafuate nyuma. Hata hapo sikushtuka sana. Nikajiambia Agosti si mbali, nitajiandikisha, mambo yatakwisha.

Idi ya kuchinja nikaenda Missouri City. Tumetoka kuswali, pilau iko mezani, wageni wawili watatu wanasubiri chai. Rukia akaniuliza kwa sauti ya kawaida kabisa.

"Baba, kadi mpya imekuja?"

"Kadi gani? Mwezi wa nane bado."

Akaweka kijiko chini. "Mwezi wa nane? Like, August?"

"Si ndivyo ulivyoniambia."

"No, Baba. Eight months. Nilisema mwezi nane." Akaanza kukunja vidole, alipofika mwisho akavitazama. "It ends this month."

Akainuka akaenda jikoni. Nilimkuta ameegemea friji analia. "I should've just said it in English," akasema. Neno hilo liliniuma, Dada, kuliko kifua chenyewe, kwa sababu nilijua akishafunga mdomo mara hii hataufungua tena. Nikamwambia hata mimi nilisikia nilichotaka kusikia. Agosti ilinipa nafasi ya kuja kwenu kwanza, nikaikumbatia bila kuuliza.

Sasa ukitaka kujua kwa nini tuliogopa hivyo, sikiliza. Ukikosa dirisha la pili kuna la tatu, la waliochelewa wote, linafunguka Januari na kufungwa mwishoni mwa Machi. Maana yake ningekaa kuanzia mwezi wa saba mpaka mwaka mpya bila mtu wa kulipia mrija. Halafu kwa kila mwaka mzima uliochelewa wanakuongezea malipo ya mwezi. Nilipoambiwa ni adhabu nilidhani ni kama faini ya barabarani, unalipa yanakwisha. Siyo. Ni nyongeza, na kwa mtu wa umri wangu unakwenda nayo mpaka kaburini. Hayo yote ningeweza kuyavumilia. Kumweka Mama miezi mingine yote hiyo ndiko kulikonitoa jasho.

Rukia akafunga nguo zake tukaja wote Mansfield. Zilitakiwa karatasi mbili, moja ya maombi yangu, nyingine ijazwe na mwajiri athibitishe kwamba nilikuwa kazini na nilikuwa na bima yake. Mwajiri yupi? Nilikwenda Grand Prairie nikakuta geti limefungwa kwa mnyororo na majani yameota penye maegesho. Nikasimama pale kama mjinga, halafu kesho yake nikarudi tena, sijui nilitegemea nini. Nikapiga simu makao yao mapya, naambiwa nisubiri, muziki unapigwa, simu inakatika. Siwezi kukuficha, nilikuwa mtu wa kuchosha. Nilipaka rangi uzio ambao haukuhitaji rangi. Nilifua mazulia. Nilikuwa naingia kwenye gari, nawasha, nakaa, nazima. Rukia akaninyang'anya funguo kwa sababu ya kifua, nikanuna siku nzima.

Yeye ndiye aliyemtafuta msimamizi wangu wa zamani, Mmeksiko mmoja tuliyeelewana naye sana, na huyo akampa jina la mama anayeshughulikia mambo ya waliostaafu. Uliwahi kumsikia Rukia akizungumza Kiingereza na watu wa ofisi? Hacheki wala hachekwi. Sauti ilibadilika, hata mimi nilikaa vizuri kwenye kiti. Karatasi ikarudi imejazwa na kusainiwa. Tukaipeleka sisi wenyewe ofisini, karani akaikagua, akagonga muhuri, akasema tumewahi. Tulipofika kwenye gari Rukia aliniuliza, "Baba, tumewahi maana yake we made it?" Nikamwambia ndiyo, hasa hiyo.

Kwa hiyo adhabu nimeiepuka, na bima inatakiwa ianze siku ya kwanza ya mwezi wa saba. Natumia neno inatakiwa kwa sababu jibu lao halijaja. Hospitali nao wanasema watanipa tarehe ya mrija wakishaona jina langu kwenye kompyuta zao. Kila siku nasimama kwenye sanduku la barua kabla gari la posta halijafika, mpaka dereva wake ananionea huruma, anatikisa kichwa tangu yuko mbali. Tiketi yangu nimeisogeza, lakini tarehe mpya sina. Naweza kuja kabla ya vuli, naweza kuchelewa zaidi, na daktari akifungua anaweza kukuta kingine. Sijui, Dada. Neno hilo linanichosha kulisema.

Nilipokuwa nikihangaika namna ya kukuambia, Rukia akasema, "Mimi nitaenda kwa Bibi. Shule imefunga." Alilisema kwa Kiswahili tupu, bila kunitazama. Mtu ambaye wiki chache nyuma alilia kwa ajili ya neno moja anakuja kukaa kwenye nyumba ambayo Mama hajui hata good morning. Mpe godoro lile la chumba cha uani, na usimruhusu ajifanye kwamba ameshiba.

Shemeji yangu, mumeo, mpe salamu za heshima, na umwambie yule binamu yake wa Fort Worth anayejidai bado kijana aangalie mwezi wake wa kuzaliwa na aanze kuhesabu mitatu kabla. Asisubiri kuulizwa. Wapwa zangu wote wasalimie, yule fundi cherehani na yule wa bandarini. Shangazi asiyeona vizuri mwambie dawa yake ya macho iko kwa Rukia, kwenye mfuko wa pembeni. Jirani anayekusaidia kumwogesha Mama mshike mkono kwa niaba yangu.

Limebaki moja. Umeniambia Mama kila alasiri anauliza kama nimefika. Asubuhi hii Rukia aliniuliza amwambieje, nikamfundisha: "Bibi, baba atakuja." Niliichagua hiyo "atakuja" kwa makusudi, kwa sababu siwezi kuahidi zaidi. Amekuwa akiirudia huku akipanga sanduku, nami nimekaa hapa mezani nakuandikia. Anakunja kanga, anairudia, anatafuta chaja, anairudia. Sasa hivi amepita mlangoni akisema, "Bibi, baba anakuja." Nimeinua kichwa nimrekebishe, halafu nikamwacha apite.

Akimwambia Mama hivyo, nawe usimrekebishe.

Mdogo wako,
Bakari