Mkuu wa Karakana (Mstaafu)

Jumatatu, 4 Novemba 2019

Kesi imeahirishwa tena. Jaji yuko harusini. Miaka kumi na miwili nadai cheo changu: Mkuu wa Karakana, idara ya barabara. Kwa miaka ya utumishi nilikuwa mbele ya Mishra, hata ukuta wa ofisi unajua. Lakini 2001 kapandishwa yeye, mimi nikabaki msaidizi wake hadi nikastaafu.

Mishra alikuwepo, kajikunyata kwenye sweta lake la kijani, anatafuna biskuti za thekua zilizobaki sikukuu ya Chhath. Akanipa moja. Nikakataa. Zilinukia samli safi, shenzi yule.

Mke wangu Kusum anasema pensheni yangu ndogo inatutosha, niache kesi. Hajui! Kila mstaafu hapa mtaani Kankarbagh ana kibao cha cheo getini. Changu kinasema "R. Thakur" tu, kama nyumba ya kupanga.

Jumatano, 20 Novemba

Ajabu! Wakili wa Mishra kasimama, kasema mteja wake hana pingamizi tena. Jaji mwenyewe kavua miwani. Hapo hapo kesi ikaisha: nahesabiwa Mkuu wa Karakana tangu 2001, na pensheni ikokotolewe upya.

Qamar, wakili wangu, hakufurahi. Kauliza Mishra ana ajenda gani. Nikamwambia ana aibu, imemzidia. Mawakili hawapendi kesi iishe, basi.

Nimelia kwenye riksha. Nimelia kweli, bila haya.

Ijumaa, 22 Novemba

Kibao kimekuja. Cha shaba! Nimetoka mara kadhaa kuangalia kama kimenyooka. Kimenyooka. Kusum kasema, Baba Pinki, utalichosha geti. Baadaye nimemwona akikifuta kwa upindo wa sari.

Jirani, yule mstaafu wa reli, kapita kama hajakiona. Kakiona huyo.

Jumatano, 27 Novemba

Mishra kaja na boksi la vitamutamu vya laddu. Kainama, kagusa miguu yangu! Kaniita mkuu. Nikamsamehe papo hapo, miaka yote. Laddu nyingi kala mwenyewe.

Mlangoni akasema, kama mtu aliyekumbuka bomba hajalifunga, kwamba sasa ule mtambo nao ni wangu. Mtambo gani? Ule wa kushindilia barabara, uliopotea 2004. Uchunguzi haujafungwa, ndiyo sababu kiinua mgongo chake kilizuiwa miaka yote hii. Anayetakiwa kujibu ni aliyekuwa Mkuu wa Karakana wakati ule.

"Na mahakama imesema ni wewe, mkuu. Mimi nilikuwa msaidizi wako tu."

Mtambo wenyewe ng'ombe anaupita kwa mwendo! Mtu anaupotezaje? Nikageuka kumuuliza. Alishaondoka, na boksi lake.

Ijumaa, 29 Novemba

Qamar kacheka hadi kakohoa. Alipopumua akaniambia: naweza kukikataa cheo kwa barua moja, nirudi kuwa msaidizi, na mzigo umrudie Mishra. Nikikishika, pensheni inaweza kusimamishwa mpaka mtambo upatikane. Pensheni yote.

Kusum kaleta bisibisi. "Kitoe." Hakupiga kelele. Dawa zake za sukari zinatoka kwenye pensheni hiyo, na mimi ndiye ninayezinunua. Ana haki, Mungu anajua ana haki.

Nimelegeza skrubu mbili. Kibao kikainama upande. Watu wanapita, wanaangalia. Nikazikaza tena. Barua nitaandika Jumatatu.

Jumatatu, 2 Desemba

Wamekuja! Sijaandika hata mstari. Watu wawili wa uchunguzi, na faili limefungwa kwa utepe. Wamesimama getini, wamesoma kibao. Yule mkubwa kaunganisha viganja kifuani, kwa adabu ambayo idara ile haijawahi kunionyesha.

"Hapa ndipo kwa Mkuu wa Karakana?"

Tangu 2001 namngoja mtu aniulize hivyo. Kusum yuko nyuma ya pazia, anatikisa kichwa: hapana, hapana. Nimewakaribisha barazani. Nimesema nisubirini, navaa viatu. Kusum kaninong'oneza kwamba bado naweza: niandike sasa hivi, niwakabidhi, yaishe.

Kweli. Mistari miwili tu.

Nina soksi moja mguuni. Huko nje nasikia wanamuuliza Kusum kupitia pazia, "Mama, mkuu atachelewa?"

Nimefungua kabati kutafuta karatasi. Nimetoa koti la suti.