Faili la Wasiojulikana

Jumatatu, 4 Machi
Mihuri asubuhi nzima. Fomu zimejaa sandukuni, kila moja nakala tatu. Mkono unauma.
Wiki ya tatu sasa tangu mabenchi ya barazani yaondolewe. Zamani, Jumanne na Alhamisi, watu walikaa pale wakasema shida zao kwa vinywa vyao, nami nikazigeuza Kiingereza. Kimeru, Kimaasai, Kiswahili, chochote kilichokuja. Sasa hakuna kusema. Kila shauri liandikwe, litiwe sandukuni, lipewe namba, lisubiri. Asiyejua kuandika aende kwa mwandishi mwenye leseni, yule aliyejengewa kibanda cha mabati nje ya lango, na mashine yake ya chapa. Kazi tuliyoifanya bure imepata mwenyewe.
Mimi si mkalimani tena. Ni karani msaidizi wa masijala. Miaka kumi na miwili nimeishi kwa ulimi. Sijui sasa niufanyie nini.

Jumatano, 6 Machi
Bwana Shauri mpya, Mzungu mkuu wa ofisi yetu, ametukusanya. Kijana, mwembamba, anafanya kazi kuliko sisi sote. Nataka kumchukia, nashindwa. Alisema katika utaratibu wa zamani mwenye mbuzi wa kutoa ndiye aliyesikilizwa kwanza. Ni kweli. Mkalimani aliyenitangulia alistaafu na zizi zima la shukrani. Karatasi haijui uso wa mtu, alisema. Hilo nalo ni kweli, na ndilo linalonitia wasiwasi.
Amri mpya: karani asizungumze na mlalamikaji juu ya shauri lake. Atakayezungumza atafukuzwa.
Karani mkuu, Mgoa aliyezeekea humu, aliinakili amri kwa mwandiko wake mzuri akaibandika ukutani.

Jumanne, 12 Machi
Mzee Lemburis amerudi. Mara ya tatu. Ni Mwarusha wa magharibi ya mlima, ana ng'ombe kidogo na shamba la mahindi. Hutoka kwake alfajiri, hufika hapa jua limeshakuwa kali. Anamtafuta mwanawe Lobulu, aliyekwenda vitani. Vita vimekwisha, wenzake wamerudi, yeye hajaonekana wala hajaleta salamu.
Fomu yake imerudishwa tena. "Jina halimo katika orodha ya askari." Aliipokea ikiwa juu chini. Akaniuliza kwa Kimaasai karatasi inasema nini.
Bwana Shauri alikuwa mlangoni. Nikamjibu mzee kwa Kiswahili, lugha anayoiokota kwa shida, kwamba aende kwa mwandishi.
Anajua nakijua Kimaasai. Mama yangu ni wa kwao. Akaikunja karatasi, akaondoka.
Nimeona aibu. Bado naiona.

Ijumaa, 15 Machi
Nimekumbuka. Muhuri mkononi, nikakumbuka, nikauweka chini.
Siku ya kuandikisha askari, pale uwanjani. Foleni mpaka barabarani. Mzungu wa jeshi mezani, mimi pembeni yake nikitafsiri. Akaja kijana mrefu, mcheshi, akataja jina lake na la baba yake. Lobulu, mwana wa Lemburis. Mzungu akajaribu kuliandika mara mbili, likamshinda. Akaniuliza kijana ni wa wapi. Nikasema Arusha. Akaandika: John Arusha.
Ningeweza kumtajia herufi moja moja. Nilimwambia kijana hilo ndilo jina lake la jeshi. Akacheka. Nami nikacheka. Foleni ilikuwa ndefu na nilikuwa na njaa.
Baba wa watu anatafuta jina ambalo mimi nilisimama nikaona likifutwa.

Jumamosi, 16 Machi
Ruthi ameuliza kwa nini sili. Nimemwambia tumbo. Mke wangu haamini habari ya tumbo.

Jumatatu, 18 Machi
Nimeomba ufunguo wa kabati la nyuma, kisingizio kupanga. Humo mna faili la Wasiojulikana: barua zinazouliza ndugu za watu ambao ofisi haiwajui. Zamani barua kama hizo nilizisoma kwa sauti barazani. Hakukosekana mtu wa kusema, huyo ni shemeji yangu, au, huyo nilichunga naye. Sasa zinapewa namba na kufungiwa.
Nimeipata. Hospitali ya jeshi, Nairobi. Askari John Arusha. Yu hai.
Macho yameharibika, huona mwanga tu. Ndugu zake waje wamchukue. Wasipofika kabla ya Machi kwisha, atapelekwa kambi ya vilema wasio na kwao, mbali, pwani ya Kenya. Barua ni ya Desemba, imetufikia Februari, mabenchi yakiwa yameshaondolewa.
Mzee Lemburis amesimama mara tatu hatua sita kutoka kabati hilo.

Jumanne, 19 Machi
Nilimweleza karani mkuu. Alisoma barua mara mbili, akafuta miwani. Njia ipo, alisema. Fomu ya kusahihisha jina, kiapo cha mzazi, vyote viende Dar es Salaam. Wiki sita, mambo yakienda vizuri. Na Bwana Shauri yuko safarini Momela hadi Jumatatu, hakuna wa kutia sahihi.
Zimebaki siku kumi na mbili.
Ningeweza kusema nimefika mwisho wa uwezo wangu. Hakuna ambaye angenilaumu. Nina watoto wanne, na nyumba tunayokaa hapa Kijenge ni ya serikali.

Alhamisi, 21 Machi
Nimefanya.
Nimeandika barua kwa hospitali. Kwamba anayeileta, Mzee Lemburis, ndiye baba mzazi wa askari mnayemwita John Arusha, ambaye kwao anaitwa Lobulu, apewe mwanawe. Chini nikatia jina langu, kwa niaba ya Bwana Shauri. Ruhusa hiyo sina.
Muhuri mkubwa hukaa mezani kwa karani mkuu. Nilisimama mbele yake, karatasi mkononi. Aliichukua, akaisoma yote, polepole. Kisha akasema, "Weka mkato hapa, baada ya jina."
Nikaweka mkato. Akausogeza muhuri upande wangu, akainuka kwenda dirishani kutazama mvua.

Jumamosi, 23 Machi
Nimekwenda kwa miguu hadi kwa Mzee Lemburis. Matope mpaka magotini. Nilimkuta akiziba ua wa ng'ombe kwa miiba. Nikamwinamishia kichwa, akanigusa utosini kama wanavyofanya kwao, lakini hakunikaribisha kukaa. Haki yake.
Nikasema kwa Kimaasai, bila utangulizi. Mwanawe yu hai. Yuko Nairobi.
Alishika mti wa ua. Mkewe alitoka nyumbani akasimama nyuma yake. Mzee akauliza, "Kwa nini hajaja mwenyewe?"
Nikamwambia habari ya macho. Mama akajifunika uso kwa nguo. Mzee aliokota tawi la miiba, akalichomeka uani.
Nikamwambia na lile lingine. Kwamba jina lilibadilishwa mezani pale, mimi nikiwepo, nami sikusema kitu. Nilidhani atanifukuza. Nilikuwa tayari.
Akaniuliza, "Yeye mwenyewe alisemaje?"
"Alicheka, baba."
"Jina lenyewe ni lipi?"
Nikamtajia. Akalijaribu mdomoni, John, John, likamtoka kama mtu anayekohoa. Akasema, "Basi wakiuliza baba wa huyo, nitaitika."
Mama akaniletea maziwa kwenye kibuyu. Nimekunywa nimesimama.

Jumatatu, 25 Machi
Mzee ameondoka alfajiri kwa lori la mfanyabiashara mmoja wa Kihindi aendaye Nairobi kupitia Namanga. Dereva ni Mwarusha, ameahidi kumfikisha hadi mlangoni mwa hospitali na kumrudisha. Barua ameifunga kitambaani, kifuani. Hajawahi kupanda gari. Alishika ubao kwa mikono miwili na kutazama mbele.
Bwana Shauri amerejea saa nane, buti zimejaa tope la Momela. Nikaenda kumwambia mwenyewe kabla hajaambiwa. Nikampa nakala ya barua.
Aliisoma. Masikio yakawa mekundu. Akauliza kwa nini sikusubiri siku nne tu. Nikamwambia hata yeye angelazimika kupeleka fomu Dar es Salaam.
Akasema, kwa Kiswahili chake cha kitabu, "Leo umesaidia mtu mwema. Kesho mwingine atatumia muhuri huu kumwibia mtu shamba. Nitamjibu nini?"
Nafikiri ana haki. Nafikiri na mimi ninayo.
Mwisho wangu ni Ijumaa.
Muhuri nilisema niliuchukua mwenyewe. Karani mkuu alikuwa akisikia. Kalamu yake ilisimama, kisha ikaendelea.

Jumatano, 27 Machi
Bwana Shauri amejifungia na kabati la nyuma tangu asubuhi. Alipotoka, faili la Wasiojulikana lilikuwa kwapani. Hakula mchana.
Ametoa amri nyingine. Barua zote za faili hilo zisomwe kwa sauti sokoni kila Jumamosi. Akauliza nani atasoma. Karani mkuu akasema, bila kuinua macho, "Mtu wa lugha zote hizo ndiye uliyemfukuza juzi, Bwana."
Bwana Shauri akasema atasoma tarishi wa ofisi.

Ijumaa, 29 Machi
Nimekabidhi funguo. Karani mkuu alinipa mkono, akanishika muda mrefu kuliko kawaida. Alisema ana miaka miwili kustaafu na hajawahi kusogeza muhuri kabla ya siku ile. Nikamshukuru kwa mkato. Akatabasamu kidogo.
Ruthi nimemwambia yote leo. Nilichelewa. Hakukasirika kwa sababu ya kazi wala nyumba. Alikasirika kwamba alilala kitanda kimoja na jambo hilo wiki mbili bila kulijua. "Ungeniambia, ningekwambia ufanye hivyo hivyo," alisema. Kisha akaanza kufunga vyombo, kwa kelele.

Jumamosi, 30 Machi
Nilikwenda sokoni kusikiliza. Tarishi alipanda juu ya sanduku na kusoma. Masikini, majina yanamshinda. Ya Kimeru aliyavunja, ya Kimaasai aliyameza. Watu wakacheka. Nilikuwa nyuma ya mikungu ya ndizi, nikijizuia.
Hata hivyo mama mmoja aliyekuwa akiuza magimbi aliacha biashara yake akasogea mbele. Alisema jina hilo ni bovu lakini linafanana na la kaka yake. Wakamwandika.
Kutoka Nairobi hakuna habari. Kesho Machi inakwisha.

Jumatano, 3 Aprili
Tumehama Kijenge. Tuko juu, Meru, kwenye shamba alilotuachia baba. Kahawa imekuwa mwitu, migomba inahitaji kupunguzwa. Nyumba inavuja pembe mbili. Watoto wamefurahi, wanadhani ni likizo. Mimi nina malengelenge viganjani na hasira isiyo na mtu wa kuelekezewa.
Bado kimya. Mvua imekata barabara ya Namanga, wanasema. Najiuliza kama nilimtuma mzee wa watu kwenda kupotea naye.

Jumanne, 9 Aprili
Dereva wa lori amepitisha habari kwa mtu, mtu kwa mchungaji, mchungaji kwangu. Walifika hospitali tarehe ishirini na tisa. Karani wa pale aliuliza, nani baba wa John Arusha, na mzee akainuka akasema, mimi. Wakamtazama mavazi, wakatazama muhuri, wakamleta kijana. Wote wawili wako nyumbani tangu juzi.
Nimekaa chini ya mgomba nikalia. Ruthi aliniona, akapita na jembe lake kama hakuona.

Jumapili, 14 Aprili
Ibada ya Matawi. Baadaye nimeshuka, nikazunguka mlima hadi kwa Mzee Lemburis.
Lobulu alikuwa amekaa nje kwenye kigoda, koti la jeshi begani. Amekonda. Nilipotoa salamu aligeuza uso, akasema anaijua sauti hiyo, ni ya yule wa mezani. Nikasema ndiyo. Nikamwambia nimekuja kuomba radhi. Akasema huko alikokuwa wengi walipewa majina mabaya kuliko lake, na wengine hawakurudi hata na hayo. Hakusema amenisamehe. Alinisogezea nafasi nikae.
Tukakaa. Mzee alikuwa bondeni na mifugo, mama akipepeta maharage. Baadaye ndama mmoja akaja akasimama karibu, akanusa mkono wa Lobulu. Ndama huyo alizaliwa Lobulu akiwa vitani. Akampapasa shingo, masikio, mgongo. Akaniuliza ana rangi gani.
Nikamwambia kwa Kimaasai. Wana neno moja kwa ndama wa namna ile, kijivu chenye wekundu mbavuni. Kwa Kiswahili ningehitaji sentensi nzima.
Akalirudia neno lile, taratibu. Akaendelea kumpapasa.
Mvua ilinikuta njiani. Nimefika nimelowa. Ruthi ameacha uji motoni.