Kofia Iliyosoma Kichwa cha Papa

Kwako Papa,

Mwaka umepita tangu tukuzike, na bado kuna jambo sijakwambia.

Kabla ya kiharusi, sauti yako ilisikika gereji nzima pale Buyenzi hata injini ikinguruma. Nilipokuwa na miaka minane ulinipa spana, Mama akalalamika. "Muache," ulimwambia, "mikono ya mutoto wangu ina akili." Kisha asubuhi moja ukaanguka kando ya gari la mteja. Tangu siku hiyo hukusema tena wala kuinua kidole. Yalibaki macho tu. Nilikulisha, nikakuosha, nikakugeuza ili ngozi isichubuke, na watu wakanisifu: "Zuwena ana moyo."

Hawakuwepo adhuhuri ile. Nilikuwa nakubadilishia shuka kwa mara ya tatu, simu nimeibana begani, naongea na dada Mariamu aliye Uvira. Nikamwambia, "Bora angekufa siku ile ile. Papa hayupo tena, huyu ni mwili tu." Nikakugeuzia ukutani kama ninayegeuza godoro.

Miezi miwili baadaye akaja Dezire, yule mwanafunzi wa udaktari kutoka Kamenge, na kompyuta yake na kofia yenye nyaya. Alitueleza kwamba kofia inapokea umeme mdogo wa ubongo. Ukifikiria kukunja mkono wa kulia, hiyo ni ndiyo. Ukitulia, ni apana. "Haifukui siri za mutu," alisema. "Inaleta jibu la swali aliloulizwa, basi."

Akakuinamia. "Muzee, unanisikia?"

Tukasubiri. Kompyuta ikaonyesha: ndiyo.

Akauliza tena na tena, akibadilisha maswali. Unaitwa Rashidi? Ndiyo. Tuko Gatumba? Apana, na kweli tulikuwa Buyenzi. Mama akapiga kigelegele, majirani wakajaa mlangoni. Ulikuwemo, Papa. Muda wote ulikuwemo.

"Dada, na we uliza," Dezire akaniambia.

Nilikuwa na swali moja tu. Badala yake nikakuuliza, "Papa, unataka chai?" Ukajibu apana, watu wakacheka, nami nikatoka uani.

Dezire aliahidi kurudi Alhamisi. Nikampigia simu nikamwambia una homa. Wiki zilizofuata nikasema kila mara hukulala vizuri. Hukuwa na homa, Papa, na ulilala vizuri. Mama alikuwa ameandaa maswali yake, akiyarudia jikoni kwa furaha kama mchumba. Yeye nikamwambia mashine imeharibika. Niliwakatia nyinyi wawili maongezi kwa kuogopa ndiyo moja tu. Wiki ya tano baada ya kofia ukafariki.

Mwezi uliopita nilimweleza Mama ukweli. Aliacha kuchambua maharage.

"Mbali na maswali yale, nilikuwa na kitu kimoja cha kumuuliza," akasema. "Na we hukuniacha nimuulize."

Akarudi kwenye maharage yake. Hajaniambia ni kitu gani, nami sina uso wa kumuuliza.

Siku hizi kila Jumamosi naenda Kamenge kumsaidia Dezire kuwavalisha wagonjwa kofia. Jumamosi iliyopita mwanamke mmoja alimwona mumewe akijibu ndiyo, akatoka mbio hadi nje. Nikamfuata. Alikuwa ameziba mdomo kwa mkono.

"Nilisema mbele yake maneno mabaya," akaniambia. "Nilidhani hasikii."

Nikamtajia yangu. Yote, neno kwa neno, kama nilivyoyasema juu ya kitanda chako. Sikuwa nimeyatamka tena tangu siku ile. Alinitazama kwa woga, kama mtu ambaye angependa kusogea mbali nami. Kisha akajifuta uso kwa kitenge, akarudi ndani, akafunga mlango. Sijui alimuuliza nini. Alikaa humo saa nzima.

Mimi nilibaki nje, Papa. Si kwamba sikulijua jibu lako kwa lile swali langu moja. Nililijua tangu ile ndiyo ya kwanza, na kwa sababu nililijua, sikuuliza. Ulinisikia. Nisamehe.

Mutoto wako uliyemwachia spana,
Zuwena