Koti Lililotangulia

Rusinga,
Jumapili, baada ya ibada.

Kwa ndugu yangu mkubwa Zedekia,

Pokea salamu nyingi kutoka kwetu sote huku kisiwani. Natumaini barua hii itakukuta mzima, na kwamba lile goti ulilolalamikia limetulia. Sisi tunaendelea vizuri. Mvua imetukumbuka, mahindi yamesimama, na dagaa wetu wa omena wanapatikana ingawa bei yao inakera. Irine anakusalimu sana. Habari zake nitazieleza, maana ndizo zilizonikalisha hapa na kalamu.

Najua utashangaa kuona barua wakati simu zipo. Juzi uliponipigia kusema umestaafu, na kwamba mwezi ujao unakuja na lori la mabati kujenga boma lako, nilikujibu karibu sana, kisha nikasingizia kwamba mtandao unasumbua. Mtandao haukuwa unasumbua, omera, ndugu yangu. Nilikata mwenyewe. Kuna jambo mdomo wangu ulikataa kulisema, nikaona heri nirudie zile barua zetu za zamani ulipokuwa kambini. Uliniambia tuandikiane kwa Kiswahili kwa sababu wakubwa wenu walikuwa wanazisoma, na mpaka leo jambo zito likinijia juu yako linakuja kwa Kiswahili.

Usidhani hatukujivunia. Ulipopata cheo cha kapteni, mama alizunguka soko lote la Mbita akiuliza bei ya vitu asivyotaka kununua, ili tu aulizwe habari za mwanawe. Na ulipotoka jeshini ukaingia Bunge, ukapanda mpaka ukawa mkuu wa wapambe, yule anayebeba siwa begani na kumtangulia Spika, tulikuwa tunajaa kwenye duka lenye televisheni kila Bunge linapofunguliwa. Watu wamesimama wote, wewe uko mbele na glavu zako nyeupe, hutazami kushoto wala kulia. Jirani mmoja aliuliza kama umekasirika. Nikamwambia hiyo ndiyo kazi yenyewe, na mpaka huyo atembee hakuna mwingine wa kusogea. Nilisema kwa kujigamba. Nilipofika nyumbani ndipo maneno yangu mwenyewe yaliponirudia.

Maana huku nako ilikuwa hivyo hivyo. Wewe ndiye kifungua mimba, na mpaka utoke kwenye boma la baba ukaanzishe lako, mimi siwezi kutoka. Nimezeekea kwenye simba, Zedekia. Unakumbuka shemeji Liz aliposikia naishi kwenye simba akadhani ni mnyama, ukamweleza kwamba ni kibanda cha kijana ambaye bado hajaanza maisha? Tulicheka wote siku hiyo. Lakini mimi si kijana, nina wajukuu. Irine ameingia na kutoka kwa lango la mama mkwe wake tangu nimwoe, na mwanangu Ken amepanga chumba Mbita na mke wake kwa sababu babake hana boma la kumkatia mahali.

Sikukaa kimya pia, unajua. Mwaka ule mlipokuja Migori na kamati ya wabunge, mimi na baba mdogo Nicanor tulipitia Homa Bay tukaja mpaka hoteli mliyofikia, na jogoo mkononi. Ulitutokea mlangoni na suti nyeusi, ukatukumbatia vizuri, lakini jicho lako lilikuwa kwa waheshimiwa waliokuwa mezani. Baba mdogo akakuomba siku moja tu, uje usimamishe nguzo, hata ya kibanda cha fito, kisha urudi kazini. Ukasema Bunge likienda mapumziko utakuja. Bunge likaenda mapumziko, likarudi, likavunjwa, likachaguliwa jingine. Yule jogoo tulimwachia askari wa getini kwa sababu tuliona haya kurudi naye. Tangu siku hiyo nilikukasirikia. Ukitokea kwenye televisheni, mimi nilikuwa natoka dukani.

Mwaka huu baada ya Pasaka Irine akaanza kukohoa damu. Alilazwa Homa Bay, akarudishwa amebaki mifupa. Siku moja nikimnywesha uji akaniambia hana kinyongo na mtu, ila hataki kuzikwa kwenye boma la mama mkwe kama mtu aliyekuja kutembea. Anataka kuingia kwa lango lake mwenyewe, hata ikiwa ni mara moja tu. Nilikupigia siku hiyo hiyo. Ukasema uko kikaoni, utanipigia. Ulituma pesa za dawa, na nashukuru kwa moyo wote, lakini hukupiga.

Sasa ngoja nikuambie nilichofanya. Nilikwenda kwa baba mdogo nikalia mbele yake, mtu mzima kama mimi. Akasema njia ipo lakini ni chungu. Akaagiza lile koti lako la jeshi, la baridi, ulilomwachia mama akawa anajifunika mpaka alipotuacha. Alfajiri tukapanda kwenye shamba la juu linalotazama ziwa. Baba mdogo ndiye aliyetangulia, koti mikononi, amelibeba kama unavyobeba siwa yako, hatazami kushoto wala kulia. Mimi nikafuata, nyuma yangu Ken na shoka na jogoo, kama mila ya kuanzisha boma inavyotaka, na Irine tukimshikilia huku na huku, amebeba moto kwenye kigae. Tukakusimamishia kibanda, tukalitundika koti ndani, tukafunga mlango. Baba mdogo akatangaza ukoo usikie kwamba kifungua mimba ametangulia. Ndipo tukaanza kujenga yangu.

Halafu akanivuta kando akanimalizia lililobaki. Akasema hivyo hufanyiwa mtu ambaye hatarajiwi kurudi. Koti likishatangulia, mwenyewe hawezi tena kutangulia. Siku utakayokuja utajenga, ardhi yako ipo na hakuna wa kuigusa, lakini utaingia nyuma yangu, na mbele ya ukoo mimi ndiye nitakayehesabiwa mkubwa. Nilikubali. Nilikufanya mtu aliyepotea, na ulikuwa hai Nairobi, unapokea simu.

Na kinachonitafuna zaidi ni kwamba Irine amepona. Dawa zilimkubali. Anakula, amenenepa, na jana amenigombeza nusu saa nzima kwa kuacha lango wazi mbuzi wakaingia. Namtazama nafurahi mpaka machozi yananitoka, na papo hapo nawaza kwamba angekufa, ningekuwa na la kujitetea kwako. Mungu anisamehe wazo hilo. Ningevumilia kidogo tu, ungestaafu, ungekuja. Lakini ningejuaje? Umesema unakuja mara nyingi mno, neno lenyewe lilikuwa limeisha nguvu masikioni mwangu.

Sikuombi radhi kwa boma, Zedekia. Nilikuwa na haki ya boma. Nakuomba radhi kwa lile koti.

Mabati usiyauze kwa hasira, njoo nayo. Kibanda chako hakivuji, na Irine hulitoa koti na kulianika juani panya wasije wakalala mifukoni. Ila utakapofika langoni usiingie moja kwa moja kama ulivyozoea. Simama hapo nje uniite kwa jina, nitatoka nije nikutangulie. Najua miguu yako haijawahi kufuata nyuma ya mtu. Nitatembea polepole.

Nisalimie sana shemeji Liz na watoto. Anayekuletea barua hii ni Ken, na anajua yaliyomo. Usimkasirikie, yeye alibeba shoka tu kwa sababu babake alimwambia abebe. Mpe chai, halafu mpe jibu lolote utakaloona linanifaa, hata kama ni matusi, nitalipokea.

Ni mimi, mdogo wako mpaka siku ya kufa kwangu, waseme watakavyosema,

Jacktone